Ndoo ya Mvinyo, Jagi la Choya

Baba yangu analima zabibu Hombolo, nje kidogo ya Dodoma mjini, na tangu nipate akili amekuwa akinywa mvinyo kwa namna iliyotutia haya sisi watoto wake: nusu glasi mvinyo mwekundu, nusu Coca-Cola. "Peke yake unakwaruza koo," husema, kisha anakoroga kwa kidole. Wageni wakija tulikuwa tunaificha ile chupa ya soda jikoni. Naye alikuwa anaifuata hukohuko.

Miaka ikapita, nikaajiriwa kaunta ya vinywaji kwenye hoteli moja pwani ya mashariki ya Unguja. Wageni wetu wengi walitoka Hispania, na kila asubuhi kabla jua halijakolea kazi yangu ya kwanza ilikuwa kukata matunda ya sangria. Siku moja mama mmoja mtu mzima, mwenyeji wa Bilbao, alikaa kwenye stuli akinitazama nikikata. Akaniambia kwao vijana huchanganya mvinyo mwekundu na Coca-Cola nusu kwa nusu, wanauita kalimotxo, na hakuna anayeona haya. Joto likizidi, akasema, watu wazima huagiza tinto de verano, yaani mvinyo mwekundu wa kiangazi, ambao si kitu zaidi ya mvinyo, soda ya limau na barafu. Sangria wao huitengeneza watu wakiwa wengi, kwa sababu ina kazi, na kazi hiyo huifanyi kwa ajili ya glasi moja.

Usiku uleule nilimpigia baba simu nikamwomba radhi. Alicheka mpaka salio likaniishia.

Jina sangria linatokana na neno la Kihispania sangre, damu, kwa sababu ya wekundu wake. Ni kinywaji cha Hispania na Ureno: mvinyo, matunda, sukari kidogo na kitu cha kuchangamsha. Wamarekani wengi walikionja mara ya kwanza mwaka 1964, kwenye banda la Hispania katika Maonesho ya Dunia ya New York, na kutoka hapo kikasambaa kila penye sherehe. Leo sheria ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2014 inasema kinywaji cha kuuzwa kwa jina tupu la sangria sharti kiwe kimetengenezwa Hispania au Ureno, na kileo chake kisifike asilimia 12. Hiyo ni sheria ya wenye viwanda. Jikoni kwako hakuna mkaguzi atakayebisha hodi.

Mvinyo gani?

Sisi watu wa Dodoma tuna bahati ambayo hatuisemi sana: mzabibu wetu huvunwa mara mbili kwa mwaka, na aina nyekundu inayoitwa Makutupora imechukua jina la kijiji cha huku. Kwa hiyo mvinyo wa kawaida wa hapa kwetu unatosha kabisa. Sangria haikubuniwa ili kuusifu mvinyo wa gharama. Ukiimwaga chupa ya bei mbaya juu ya nanasi na ndimu, umelipia harufu ambayo hakuna atakayeisikia.

Chagua mwekundu usio mtamu. Kama uliopo ni ule mtamu unaopendwa na akina mama wengi, utumie huohuo, ila sukari ipunguze kwa nusu, uionje, ndipo uongeze. Jambo moja usilifanye: usidhani chupa iliyokaa wazi wiki mbili itapona humo. Mvinyo ukishaanza kunuka siki, sukari haiufufui. Na pombe kali iache. Wapo wanaoongeza brandi, na hapa mjini nimeona watu wakiongeza Konyagi, lakini mgeni anayekunywa kitu chenye ladha ya juisi hajui ameshafika wapi mpaka asimame.

Asubuhi ya sokoni

Mimi hununua Soko la Majengo, hapa Dodoma, siku moja kabla ya shughuli. Machungwa ya Tanga usiyapime kwa rangi. Mengi hubaki na ganda la kijani hata yakiwa yameiva tayari. Lishike mkononi: zito kuliko linavyoonekana, hilo lina maji. Nanasi linuse chini, upande wa kitako. Embe lisiwe limelainika, liwe lile ambalo kisu kinapita na kipande kinabaki na kona zake. Epo ni la kigeni na bei yake ni ya kigeni, lakini mawili yanafaa kwa sababu hubaki yakitafunika hata baada ya kulala kwenye mvinyo.

Ndizi, papai na tikiti yaache kwa sahani ya matunda. Nilishaweka ndizi mara moja. Asubuhi zilikuwa nyeusi, zimevurugika, na ndoo nzima ilifanana na uji ulioachwa. Tikiti nalo linatoa maji yake yote na kukuachia kitu kama sifongo.

Chungwa ndilo linalotaka adabu. Lisugue vizuri kwenye maji ya uvuguvugu, maana ganda nalo litaingia. Utando mweupe ulio chini ya ganda ni mchungu, mbegu ni chungu zaidi, na uchungu huo hutoka polepole, usiku kucha. Kwa hiyo mimi huyagawa. Machungwa ya kukamua huingia usiku, yakiwa maji matupu. Yale ya kukatwa mviringo, membamba kama sarafu mbili zilizobebana, hutolewa mbegu moja moja kwa ncha ya kisu na kutiwa saa moja kabla ya wageni. Yanapendeza machoni, yanatoa harufu ya ganda, na hayapati muda wa kuharibu.

Usiku wa kulaza

Kata nanasi, embe na epo vipande vya kuingia kijikoni. Vinyunyizie sukari, kamulia ndimu, geuza kwa mkono uliooshwa, halafu ondoka kwa nusu saa. Ukirudi utakuta maji yamejaa chini ya bakuli na hukutia hata tone. Sukari ndiyo imeyavuta kutoka ndani ya tunda. Hiyo ndiyo sharubati ya sangria yako, na ndiyo sababu sukari haimwagwi ovyo kwenye mvinyo baridi, ambamo ingezama chini na kukaa huko kama mchanga.

Sasa mimina mvinyo na maji ya machungwa, weka kijiti kimoja cha mdalasini kama wafanyavyo wengi Ureno, funika, tia kwenye friji kwa muda wa saa nane hadi kumi na mbili. Tumia chombo cha kioo au ndoo safi ya plastiki ya chakula. Sufuria ya alumini, hata iwe kubwa na imeng'arishwa namna gani, haifai: mvinyo na ndimu vina ukali unaokula alumini, na utaionja kwenye ulimi.

Soda ni ya mwisho kabisa, wageni wakiwa mlangoni, nayo iwe baridi. Ikiwa ya moto inatoa povu lote mara moja na kubaki maji matamu. Barafu haingii kwenye ndoo. Inaingia kwenye glasi ya mtu. Barafu ya kwenye ndoo huwapa wa kwanza sangria na wa mwisho maji ya pinki.

Kwa glasi kumi na mbili za mililita 200:

- Mvinyo mwekundu, chupa 2 za mililita 750
- Machungwa 4: mawili ya kukamua, mawili ya kukata
- Nanasi nusu, embe 1, epo 2, ndimu 1
- Sukari, vijiko 4 vya chakula
- Mdalasini, kijiti 1
- Soda ya limau au maji ya soda, nusu lita

Tupige hesabu, kwa sababu utamu hudanganya. Chupa mbili za mvinyo wa asilimia 12 zina mililita 180 za kileo. Ukishaongeza maji ya matunda na soda unapata kama lita 2.4, yaani kileo cha asilimia 7 na nusu hivi. Glasi moja inabeba mililita 15. Bia ya nusu lita yenye asilimia 5 inabeba 25. Basi glasi mbili za sangria zimeshaipita bia nzima, na hapo mgeni hajaanza kula matunda ya chini, ambayo yamelewa kuliko yeye. Mwenye kuendesha gari mwambie mapema, na watoto wasipewe hata kipande cha nanasi.

Jagi la pili

Hapa nina deni la kusimulia. Kwenye kipaimara cha mwanangu nilitengeneza ndoo mbili: moja ya mvinyo, nyingine ya maua ya choya kwa wasiotumia kileo. Ndoo zilifanana, rangi zilifanana, hata matunda yaliyoelea yalifanana, na mimi niliona fahari kwa kufanana huko. Nilibandika karatasi zenye maandishi. Ndoo zikatoka jasho la baridi, karatasi zikadondoka, kijana wa kuhudumia akaziokota na kuzirudisha anavyojua yeye.

Jirani yangu, bibi wa Kondoa, Mwislamu aliyeswali swala zake zote tangu utotoni, aliinua glasi hadi mdomoni. Harufu ndiyo iliyomwokoa. Aliishusha mezani taratibu, akanisubiri nipite, akanishika mkono. "Mwanangu," aliniambia kwa sauti ya chini, "hii ya kwangu ina nini?" Hakumwambia mtu mwingine. Mimi nilitamani ardhi inimeze na ndoo zangu zote mbili.

Tangu siku hiyo mvinyo unakaa kwenye ndoo ya bomba na choya inakaa kwenye jagi la kioo, kila kimoja meza yake, glasi zake, na mtu mzima wa kukisimamia. Ya mvinyo inaelea machungwa ya mviringo. Ya choya inaelea majani ya mnanaa. Na ile ya choya siifanyi kwa mkono wa kushoto. Vikombe viwili vya choya kavu, lita mbili za maji, karafuu sita, kipande cha tangawizi kilichopondwa. Vichemke dakika kumi, vichujwe, vipoe kabisa. Matunda hukatwa na kutiwa sukari vilevile, hulazwa vilevile, soda huja mwisho vilevile. Mtu asiyekunywa pombe amezoea kupewa soda ya chupa na mrija wakati wenzake wanatengenezewa. Naye ni mgeni.

Desemba iliyopita mdogo wetu wa mwisho alihitimu Chuo Kikuu cha Dodoma, tukakusanyika kwangu. Nilikuwa nimemaliza kazi tangu jana yake, kwa hiyo kwa mara ya kwanza nilikaa na wageni wangu badala ya kuwasikia nikiwa jikoni. Bibi wa Kondoa alifika mapema, nikamwamkia, akaenda moja kwa moja kwenye jagi la kioo, akalinusa kwanza, akanitazama, tukacheka sote wawili.

Baba alikuja na koti lake la sherehe, mfuko mmoja umevimba. Alikuwa amebeba Coca-Cola yake. Nikampa glasi ya ndooni. Akaonja, akachungulia ndani, akatoa kipande cha nanasi kwa vidole, akakitafuna bila haraka.

"Zabibu za kwetu hizi?"

"Za kwetu, baba."

Akanyoosha glasi iongezwe. Jioni, nilipokuwa nakusanya viti, nilikuta ile chupa ya soda chini ya mwembe, imejaa, kizibo hakijaguswa.