Punguzo la umeme: ni deni ao ni zawadi?

Kwa machimbo ya Masisi na Walikale, umeme bado ni mazutu. Hata Bisie, mgodi mkubwa wa bati, umekuwa ukijitengenezea umeme wake kwa mashini za mazutu. Na barabara ikikatika, ao vita ikifunga njia, bei ya bidoni inapanda siku hiyo hiyo.

Njo maana mutu akija kusema atajenga mtambo mdogo wa maji kwa mto, na wachimbaji watauziwa umeme kwa «bei ya viwanda», watu wanapiga makofi. Tupige, lakini tuulize kwanza: hiyo bei ya chini ni deni ao ni zawadi? Kwa sababu ya swali hilo, watu wameshitakiana miaka mingi.

Mfano uko Italia, kwa mji wa Terni. Mwaka 1962 serikali ilitaifisha umeme, ikachukua mitambo ya maji ya sosiete moja ya pale. Kwa fidia, ikaipa umeme wa bei ya chini mpaka 1992. Hilo lilikuwa deni, na tarehe yake iliandikwa. Lakini tarehe ilipofika, punguzo likaongezwa, kisha likaongezwa tena. Sosiete tatu zilizozaliwa humo, ya chuma, ya kemia na ya simenti, zikasema: bado ni fidia yetu. Mwaka 2007 Tume ya Ulaya ikakataa: nyongeza ya mwisho si fidia, ni msaada usioruhusiwa, pesa zirudishwe. Sosiete zikaenda mahakamani, zikashindwa 2010, na mara ya mwisho 2011. Walikuwa wamezoea bei ile, lakini kuzoea si haki.

Hapa Kongo, Katanga inatufundisha upande wa pili. Sosiete kama KCC na Tenke Fungurume zilikopesha SNEL pesa za kutengeneza mitambo yake. SNEL inalipa kwa kupunguza fakitire zao. Jirani akiuliza kwa nini wao wanalipa kidogo, jibu liko kwa karatasi: ni deni.

Na sheria yetu? Sheria namba 14/011 ya tarehe 17 juni 2014 ilifungua kazi ya umeme kwa wengine, si SNEL peke yake. Inataka pia bei isibague: walio kwa hali moja watendewe sawa. Punguzo lisilo na sababu iliyoandikwa, mwingine anaweza kulipinga kesho, na ARE, ofisi inayosimamia mambo ya umeme, ikauliza maswali.

Sasa turudi kwetu. Mtambo ukijengwa, wachimbaji watatoa nini? Mara nyingi ni mikono: kubeba mawe, kuchimba mfereji, kuachia shamba ili nguzo zipite. Hiyo yote ni mali, lakini isipoandikwa inakuwa salongo tu, na punguzo litaitwa zawadi. Mwenye kutoa zawadi anaweza kuacha kuitoa siku yoyote.

Kwa hiyo, kabla kooperative haijatia sahihi, tunashauri mambo manne. Kwanza, siku za kazi na mashamba yaliyotolewa vihesabiwe na kuandikwa. Pili, mkataba uwe kwa jina la kooperative, si la prezida wake. Akiondoka, punguzo lisiondoke naye. Tatu, iandikwe nani anahesabiwa kuwa kiwanda: ni pampu na mashini ya kusaga mawe tu, ao pia nyumba za wachimbaji? Hapo njo ugomvi huanza, mama anapoletewa fakitire ya nyumba kwa bei nyingine. Nne, tarehe ya mwisho ijulikane.

Katiba yetu, kwa kifungu cha 48, inasema haki ya kupata umeme inahakikishwa. Bei yake haikuandikwa humo. Hiyo tutaiandika wenyewe, siku ya mkataba, ao tutaisomewa na wengine.