Nenda kortini kabla korti haijakufuata

Dereva wa tuktuk wa Ganjoni huvijua vichochoro vyote vya kisiwa cha Mombasa. Anajua pa kupenyea magari yakwamapo kuelekea kivuko cha Likoni, na anajua saa ambazo malori hujaa Mbaraki. Lakini yuko dereva ambaye kwa mwezi mzima sasa ana njia moja asiyoipita: ile ya kwenda Mahakama za Mombasa. Pengine dereva huyo ni wewe, ndugu msomaji, au ni mumeo, au ni kijana wako.

Mambo huanza kidogo. Askari wa trafiki anakusimamisha. Huna cheti cha ukaguzi, au abiria wamezidi. Unapelekwa kituoni, nyumbani wanachangachanga, unatoa dhamana ya shilingi elfu kadhaa na kupewa risiti pamoja na tarehe ya kufika kortini. Unaporudi barabarani unajiambia, "Nimelipa, yamekwisha."

Hayajaisha. Pesa zile si faini. Ni rehani ya kwamba utafika. Siku ya kesi jina lako linaitwa mara moja, mara ya pili, kimya. Hakimu anaweza kuamuru pesa zichukuliwe na serikali, kisha atoe hati ya kukukamata. Pesa zimekwenda, raha huna, na kesi iko palepale.

Basi usiku familia inakaa kitako: ajipeleke au angoje? Mama atasema asiende, watamfunga. Jirani atasema mambo haya husahauliwa. Jirani amekosea. Hati hukaa mpaka korti yenyewe iifute. Na ukikamatwa Ijumaa jioni, piga hesabu mwenyewe. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 49, inataka mtu aliyekamatwa afikishwe kortini kabla ya saa 24 kupita, lakini saa hizo zikiisha korti zikiwa zimefungwa, husubiriwa siku ya korti inayofuata. Huenda Jumapili ukaipitisha seli.

Anayejipeleka huchagua siku yake. Aamke mapema, achukue risiti, kitambulisho na leseni, aende masjala ya kesi za trafiki amweleze karani nambari ya kesi. Faili itafutwe, apelekwe mbele ya hakimu. Akiwa na wakili ni vyema, asipokuwa naye aseme mwenyewe. Akiulizwa alikuwa wapi, aseme kweli. Kama alilazwa, alete karatasi za hospitali. Kama alisahau, aseme alisahau. "Mheshimiwa, niliugua," bila hata karatasi moja, mahakimu wameisikia sana.

Kisha aombe hati ifutwe na apewe dhamana. Dhamana si hisani ya mtu. Kifungu hicho hicho cha 49 kinampa mshtakiwa haki ya kuachiliwa kwa masharti ya kadiri, isipokuwa kuwe na sababu nzito za kumzuia. Hofu ya kutoroka ni mojawapo, na ni vigumu kumwita mtoro mtu aliyeingia kortini kwa miguu yake. Hata hivyo asishangae kiasi kikipandishwa, kwa kuwa mara ya kwanza hakufika.

Jambo lisilojulikana na wengi ni kwamba, kwa kosa ambalo adhabu yake ni faini tu au kifungo kisichozidi miezi 6, Katiba inakataza mtu kuwekwa rumande. Kusababisha kifo kwa kuendesha gari kwa hatari ni habari nyingine. Sheria ya Trafiki imeweka kifungo cha hadi miaka 10, na hapo tafuta wakili kabla hujatoka nyumbani. Hata huyo, lakini, ana haki ya kuomba dhamana.

Korti ikitaka mdhamini, shemeji mwenye gari au shamba ndiye atakayefuatwa. Mwelezeni mapema, bila kumficha, kwamba dereva akitoroka mali yake ndiyo itakayodaiwa. Na mtu msiyemjua anayejitolea kuwadhamini kwa malipo pale mlangoni, mpisheni.

Mkitoa pesa, someni jina lililo kwenye risiti kabla ya kuondoka. Kesi ikimalizika na dereva amehudhuria kila tarehe, dhamana hurudishwa kwa mwenye jina lile. Ikiwa ni mke aliyeuza bangili zake, risiti na iandikwe jina lake.