Maharage ya Kopo Yanaweza Kuwa na Ladha ya Nyumbani

Katika nyumba nyingi za hapa Babati maharage ndiyo mboga ya siku zote. Yanaliwa na ugali, yanaliwa na wali, yanachanganywa na mahindi yakawa makande, na mtoto akirudi shule huyatafuta yaliyobaki sufuriani kabla hata hajavua sare. Lakini maharage yana neno moja gumu: yanataka muda. Mama anayefunga duka saa kumi na mbili jioni, au anayetoka zamu, au aliyeshinda shambani tangu alfajiri, hana saa tatu za kukaa na jiko. Matokeo yake wengi wetu tunayaacha maharage mpaka Jumamosi, na katikati ya juma watoto wanakula ugali na majani machache tu.

Hilo ndilo linalonisukuma kuandika. Tunapomwuliza mama kliniki mtoto wake alikula nini jana, mara nyingi tunasikia uji, ugali na mchuzi. Ukiuliza mbona hakula maharage wakati debe limejaa ndani, jibu ni lile lile: mkaa na muda. Mtoto anakosa chakula cha kujenga mwili, na chakula hicho kimo ndani ya nyumba yake.

Siku hizi maduka ya mijini yanauza maharage ya kopo, na ndugu wanaotoka Arusha au Dar es Salaam huyaleta kama zawadi. Wengi wameyajaribu mara moja wakayaacha. Mume ameonja akasukuma bakuli pembeni, watoto wamesema yana ladha ya bati. Hebu leo tuone kopo linakosa nini, na jinsi ya kulirudishia.

Kutumia kopo si uvivu

Wapo akina mama wanaoficha kopo tupu chini kabisa ya ndoo ya taka, mama mkwe asilione. Haifai kuona aibu. Njia hii ya kuhifadhi chakula ina zaidi ya miaka 200. Mfaransa Nicolas Appert alituzwa na serikali ya nchi yake mwaka 1810 kwa kuonyesha kwamba chakula kikifungwa vizuri ndani ya chupa kisha kikachemshwa hakiozi. Mwaka huo huo, huko Uingereza, Peter Durand alipewa hati ya haki ya kutumia makopo ya bati. Baadaye maharage ya Heinz kutoka Marekani yaliuzwa katika duka la Fortnum & Mason mjini London, tena kama chakula cha watu wenye nafasi.

Ndani ya kopo hakuna uchawi. Kiwandani huweka maharage pamoja na maji na chumvi, au pamoja na mchuzi wa nyanya. Kopo hufungwa kabisa, kisha hupikwa kwa mvuke wenye shinikizo hadi joto la nyuzi kama 121. Joto hilo huua vijidudu pamoja na mbegu zao, ndiyo maana chakula hukaa muda mrefu bila kuharibika.

Linganisha na jiko letu. Babati iko zaidi ya meta 1,300 juu ya usawa wa bahari, na hapa maji huchemka kwenye nyuzi kama 95 au 96, wala hayafiki 100. Sasa utaelewa kwa nini shemeji yako wa Tanga anashangaa maharage yako yanachelewa kuiva. Kosa si lako wala si la kuni zako. Ni mwinuko wa mahali tunapoishi.

Kabla hujalifungua

Litazame kopo vizuri dukani. Usinunue lililovimba, linalovuja, lenye kutu iliyopenya, au lililobonyea kwenye maungio. Soma tarehe ya mwisho. Ukifika nyumbani ukalifungua, likaruka povu kwa nguvu au likatoa harufu mbaya, litupe mahali ambapo kuku na mbwa hawatafika. Usionje, hata kwa ncha ya ulimi. Kopo lililoharibika linaweza kuwa na sumu inayolegeza mishipa ya fahamu hata mtu akashindwa kupumua, na sumu hiyo haionekani kwa macho.

Kwa sababu hiyo hiyo nawasihi akina mama wasijaribu kufunga maharage yao kwenye chupa na kuyachemsha kwa sufuria ya kawaida ili yakae kabatini kwa miezi. Joto la maji yanayochemka halitoshi kuua mbegu za kijidudu hicho.

Kopo linakosa nini?

Maharage ya kopo yameiva, lakini hayajaungwa. Hiyo ndiyo siri yote. Nyumbani maharage hukaa muda mrefu jikoni, mengine yakapasuka, wanga wake ukatoka na kuufanya mchuzi kuwa mzito. Kisha mama huyaunga kwa kitunguu kilichokaangwa vizuri, nyanya, na pengine tui au maziwa. Maharage ya kopo yamelala tu kwenye maji ya chumvi. Mwenye haraka huyamimina sufuriani, akayapasha moto na kuyapeleka mezani. Yakikosa ladha, analaumu kopo.

Basi inatupasa kufanya mambo manne: kuondoa maji ya kopo, kukaanga kitunguu bila pupa, kuponda sehemu ya maharage, na kuyapa muda ya kukaa ndani ya mchuzi.

Mahitaji kwa watu wanne au watano

Makopo 2 ya gramu 400 ya maharage yaliyo kwenye maji ya chumvi
Kitunguu maji 1 kikubwa
Nyanya 3 zilizoiva
Karoti 1 na pilipili hoho 1 ndogo
Punje 3 za kitunguu saumu
Mafuta ya alizeti vijiko 3 vya chakula
Bizari nyembamba iliyosagwa, nusu kijiko cha chai
Maji ya moto kikombe 1
Tui zito au maziwa yaliyochemshwa, nusu kikombe

Namna ya kupika

1. Mimina maharage kwenye chujio, uyasuuze kwa maji safi mpaka povu liishe. Kwa kufanya hivi unaondoa ladha ya kopo, na chumvi nayo inapungua kwa theluthi moja au zaidi.

2. Pasha mafuta, tia kitunguu kilichokatwa vipande vidogo. Kaanga kwa moto wa wastani dakika saba au nane mpaka kibadilike rangi kuwa kahawia hafifu. Hapa ndipo haraka haraka haina baraka. Kitunguu kibichi ndicho kinachomfanya mlaji ajue kwamba ulikuwa na haraka.

3. Tia kitunguu saumu kilichotwangwa na bizari, koroga dakika moja. Ongeza karoti iliyokwaruzwa na hoho, kisha nyanya. Funika mpaka nyanya zirojeke kabisa na mafuta yaanze kujitenga.

4. Chota maharage kiasi cha kikombe kimoja, uyaponde kwa mwiko au kwenye kinu. Tia yaliyopondwa na mazima pamoja sufuriani. Yaliyopondwa ndiyo yatakayokupa ule mchuzi mzito wa nyumbani.

5. Ongeza maji ya moto, acha yachemke, kisha punguza moto. Yaache yatokote polepole dakika 15, ukikoroga mara moja moja yasishike chini.

6. Tia tui au maziwa, koroga taratibu kwa dakika tatu hadi tano kwa moto mdogo, yasije yakakatika. Sasa onja, ndipo uamue kama yanahitaji chumvi. Mara nyingi hayahitaji.

7. Epua, funika, acha yatulie dakika 10 kabla ya kupakua.

Ni kama dakika 45 tangu kushika kisu, na sehemu kubwa ya muda huo sufuria inajipikia huku wewe unasonga ugali. Nazi kwetu hutoka mbali. Siku isipopatikana, vijiko viwili vya karanga zilizokaangwa na kusagwa, ukizivuruga kwanza kwa maji kidogo, hufanya kazi nzuri sana.

Kopo lako likiwa ni lile la mchuzi wa nyanya, jua kwamba limetiwa sukari. Usilisuuze. Kaanga kitunguu na kitunguu saumu kama ilivyoelezwa, acha nyanya na karoti, kisha mimina kopo lote. Acha litokote dakika 10, na mwisho ukamulie limau na kutia pilipili kidogo. Uchachu ule huupunguza utamu unaowakera watu wazima.

Kopo lako mwenyewe

Hata hivyo tusidanganyane: kopo ni ghali kuliko maharage ya gunia. Kopo la gramu 400 ukilichuja hubaki na maharage kama gramu 240. Kilo moja ya maharage makavu ikipikwa hutoa kama kilo mbili na nusu, yaani sawa na makopo kama kumi. Mwenye friji anaweza kujitengenezea "kopo" lake: apike kilo moja Jumamosi bila kuunga, ayagawe kwenye vyombo vidogo, ayapoze na kuyaweka ndani ya friji kabla ya saa mbili kupita. Yatakaa siku tatu au nne. Yakigandishwa yatakaa miezi kadhaa. Kila jioni atatoa chombo kimoja na kuanzia hatua ya pili hapo juu.

Asiye na friji asiyalaze maharage yaliyopikwa jikoni siku baada ya siku. Kwake yeye kopo lina faida ya pekee, kwani lisipofunguliwa halihitaji ubaridi. Makopo mawili kabatini kwa ajili ya siku ya dharura, au kwa wageni wa ghafla baada ya ibada, ni akiba nzuri. Akishalifungua alitumie lote siku hiyo hiyo.

Unapopika maharage makavu, angalia mambo haya. Yaloweke usiku kucha, umwage maji hayo, uyapike kwa maji mapya. Kisha yachemshe kwa nguvu. Maharage mabichi, hasa mekundu, yana sumu ya asili inayoweza kumtapisha na kumharisha mtu saa chache tu baada ya kula, hata kama amekula machache. Sumu hiyo huondolewa kwa kuchemsha kwa nguvu angalau dakika 10, na sisi wa nyanda za juu ni vizuri tuyaache yachemke nusu saa kabla ya kupunguza moto. Yaliyoachwa juu ya moto hafifu kwa saa nyingi bila kuchemka yanaweza kulainika na bado yakadhuru. Nyanya na limau visubiri mpaka maharage yalainike, maana uchachu huyachelewesha. Magadi yanaharakisha, ni kweli, lakini yanaharibu vitamini B1 na kuongeza chumvichumvi mwilini.

Neno la nesi

Maharage yana protini, madini ya chuma na foleti, vitu ambavyo mama mjamzito anavihitaji sana. Lakini chuma cha maharage hakiingii mwilini kwa urahisi. Kisaidie kwa kula chungwa, pera, au kachumbari yenye limau katika mlo huo huo. Chai, ambayo sisi wengi hunywa papo hapo, inazuia chuma kisifyonzwe. Isubiri kama saa moja hivi baada ya kula.

Kama nyumbani yupo mwenye shinikizo la damu, kusuuza maharage ya kopo si jambo la kuchagua, ni lazima. Na kwa mtoto aliyeanza kula baada ya miezi sita, tumia maharage uliyoyapika mwenyewe bila chumvi, yaliyoiva sana na kupondwa laini.

Mama mpendwa, familia yako haitakumbuka kama maharage yalitoka kwenye gunia au kwenye kopo. Mtoto atakua kwa kile alichokula Jumanne na Jumatano, siku zile ulizochoka, si kwa karamu ya Jumamosi peke yake. Juma hili, chagua siku moja ambayo kwa kawaida maharage hayapo mezani kwako, uyarudishe. Kaanga kitunguu chako vizuri, ponda kikombe kimoja, yape dakika zake 15. Kisha pakua bila kusema neno, uone kama kuna atakayeuliza habari za kopo.