Mmea Mchachu wa Kandokando ya Ua

Ukitoka Nakuru mjini kwenda Njoro au Bahati, tupa macho kandokando ya ua. Yale mafungu mekundu yanayoning'inia juu ya vichaka si maua bali ni matunda. Mmea wenyewe wataalamu huuita Rumex usambarensis, jina lililotokana na milima ya Usambara kule Tanzania.

Je, utautambuaje? Hupanda ukiegemea vichaka hata ukapita kimo cha mtu. Jani lake ni mfano wa mshale, na chini lina masikio mawili. Kila mbegu ina pembe tatu na mabawa matatu membamba, ndiyo maana upepo huibeba kwa urahisi. Hupenda nyanda za juu za Afrika Mashariki: kingo za misitu, mashamba yaliyoachwa na kando ya barabara. Mombasa hutauona.

Sisi watoto huutafuna kwa ule uchachu wake. Lakini uchachu huo ni asidi ya oksaliki. Ikizidi mwilini hunasa kalsiamu na kudhuru figo. Mimea ya jamii hii imewahi kuua kondoo walioila kwa wingi. Basi, onja kidogo tu, na umwonye mdogo wako.