Mbona Wale wa Sinema Hawaumii?

Hivi karibuni watoto wawili wa kijiji chetu walitazama sinema ya watu wanaopigana kwa panga. Kesho yake wakashika fimbo, wakapigana nyuma ya ghala, na mmoja akapasuka juu ya jicho. Nilipomwuliza mwenziwe, alilia, akasema, "Mbona wale wa sinema hawaumii?" Swali lake ni la haki. Basi nalijibu hapa, ili nanyi wazazi mpate la kuwaambia wenu.

Zamani huko Ulaya, upanga ulikuwa elimu yenye waalimu na vitabu. Katika jumba la silaha la Leeds, Uingereza, kimewekwa kitabu cha Kilatini cha mwanzo wa karne ya 14. Katika vitabu vya elimu hiyo vilivyosalia Ulaya, hicho ndicho cha zamani kabisa kijulikanacho. Na mwalimu aliyechorwa humo ni nani? Ni padre! Ameshika upanga na ngao ndogo, anamfundisha mwanafunzi wake. Mwishoni anaonekana mwanamke, Walpurgis, naye ana upanga. Siku hizi wako watu wanaosoma vitabu vya namna hii na kuyajaribu mafundisho yake kwa panga butu, na wengine huyapeleka kwenye sinema.

Lakini sikilizeni tofauti. Katika vita, mpiganaji huficha nia yake, adui asijue pigo litatoka wapi. Katika sinema huionyesha. Humtazama mwenziwe machoni, huinua upanga waziwazi, ndipo mwenziwe apate nafasi ya kukinga, na mtazamaji aone. Husimama mbali kidogo, ncha isifike mwilini. Kila hatua hupangwa kama ngoma, hufanywa polepole mara nyingi, kisha ndipo mwendo huongezwa.

Mwingereza William Hobbs, aliyefariki mwaka 2018, alipanga mapigano ya sinema iitwayo The Duellists ya mwaka 1977. Humo wapiganaji wanahema na kuchoka kama watu wa kweli. Mwingereza mwingine, Bob Anderson, aliyeshindana kwa upanga katika Olimpiki ya Helsinki mwaka 1952, alikuwa mmoja wa waalimu wa sinema ya The Princess Bride ya mwaka 1987. Wachezaji wawili walijifunza kwa miezi, mkono wa kulia na wa kushoto pia, kwa ajili ya pigano la dakika chache tu!

Ninyi wazazi, kukataza peke yake hakutoshi. Waelezeni watoto kwamba katika mchezo ule anayepiga ndiye anayemlinda mwenziwe. Asiyejua kumlinda, asiinue fimbo.

Nilimweleza hivyo yule mtoto. Alinyamaza kitambo, kisha akaenda kwa mwenziwe kuomba radhi. Jicho ni zima, ashukuriwe Mungu, ila kovu limebaki.