Nyumba ya milioni tatu, malipo ya milioni nane

MWAKA wa 1995, mwandishi wa makala haya akiwa angali mwanafunzi, lori moja lilisimama mbele ya ploti tuliyokuwa tukiishi mtaani Baba Dogo, jijini Nairobi. Lilikuwa limebeba vyombo ambavyo havikufanana na vya wapangaji wa kawaida. Kulikuwa na kochi lililokataa kupita mlangoni, kabati yenye vioo, na mapazia marefu ambayo mama mwenye nyumba alilazimika kuyakunja mara mbili ili yatoshe dirisha dogo la makao yao mapya.

Baba wa jamaa hiyo alikuwa fundi wa mitambo katika kiwanda kimojawapo kando ya Barabara ya Baba Dogo. Mkewe alikuwa mwalimu. Hawakuwa wametoka mashambani. Walikuwa wametoka katika nyumba yao wenyewe, yenye vyumba vitatu vya kulala, katika mtaa mwingine wa Eastlands. Madalali walikuwa wameipiga mnada wiki chache zilizotangulia.

Kama ilivyo desturi ya mitaa yetu, uvumi ulienea upesi. Wapo waliosema mzee alikuwa mlevi, na wapo waliodai alikuwa na mke wa pili. Ukweli ulikuwa ndani ya mkebe wa biskuti aliouweka chini ya kitanda. Humo mlikuwa na risiti za benki, zimepangwa mwezi baada ya mwezi, tangu 1990.

"Kijana wangu," aliniambia jioni moja, "nimelipa miaka mitano bila kuruka hata mwezi mmoja. Wewe unayesoma hesabu, hebu niambie: nilikuwa nalipa nini?"

Sikuwa na jibu siku hiyo. Swali hilo lingali linafaa kuulizwa na kila jamaa inayoota kuhama nyumba ya kupanga, iwe ni Baba Dogo, Lucky Summer au Kariobangi, kwa kuchukua mkopo wa nyumba, yaani mogeji.

Bei mbili za nyumba moja

Mpenzi msomaji, kila nyumba inayonunuliwa kwa mkopo ina bei mbili. Ya kwanza ni ile iliyoandikwa kwa herufi kubwa kwenye tangazo. Ya pili ni jumla ya fedha zote utakazokuwa umetoa mfukoni siku utakapokabidhiwa hatimiliki yako. Wengi hukariri ile ya kwanza na kamwe hawaulizi ya pili.

Tuchukue mfano. Mume na mke wanakopa Sh3 milioni kwa riba ya asilimia 13 kwa mwaka, walipe kwa muda wa miaka 20. Benki itawadai takriban Sh35,150 kila mwezi. Zidisha kwa miezi 240 na utapata kiasi cha Sh8.4 milioni. Wamekopa tatu, wamerudisha nane na ushei. Riba peke yake ni zaidi ya Sh5.4 milioni, fedha ambazo zingeweza kununua nyumba nyingine na nusu.

Ajabu zaidi ni jinsi malipo yenyewe yanavyogawanywa. Riba ya mwezi wa kwanza hutozwa juu ya Sh3 milioni zote, nayo ni Sh32,500. Kwa hivyo kati ya zile Sh35,150 walizolipa, ni kama Sh2,650 tu zinazopunguza deni. Mwezi wa pili deni ni dogo kidogo tu, na riba nayo ni ndogo kidogo tu. Baada ya miaka mitano jamaa hii itakuwa imelipa zaidi ya Sh2.1 milioni, lakini bado itakuwa inadaiwa kama Sh2.78 milioni. Deni limepungua kwa takriban Sh222,000.

Hakuna aliyewaibia. Ndivyo mikopo ya muda mrefu inavyofanya kazi: miaka ya mwanzo unalipa riba, na miaka ya mwisho ndipo unapolipa nyumba. Hatari ni kwamba kazi ikipotea au ugonjwa ukiingia katika miaka hiyo ya mwanzo, mtu hujikuta amelipa mamilioni na bado deni liko karibu pale pale.

Yaliyompata jirani

Sasa turudi kwa ule mkebe wa biskuti. Jirani yetu alikopa Sh500,000 mwaka 1990, kwa riba ya asilimia 18, alipe kwa miaka 20. Malipo yake yalikuwa kama Sh7,700 kwa mwezi. Katika miaka mitatu alitoa karibu Sh278,000, na deni likapungua kwa Sh10,000 hivi.

Kisha ukaja mwaka 1993. Wazee wanakumbuka jinsi bei za vitu zilivyopanda na shilingi ikaanguka. Serikali ilipokuwa ikikopa fedha kwa hati zake za muda mfupi, riba ya hati hizo ilipita asilimia 80 katikati ya mwaka huo. Mikopo ya benki nayo ikafikia kama asilimia 30, na mwaka 1994 ikazidi hapo.

Mkataba wa jirani yetu ulikuwa na kifungu kilichoiruhusu benki kubadilisha riba. Barua ikaja kumwarifu kwamba malipo yamepanda. Kwa riba ya asilimia 30, riba ya mwezi mmoja juu ya deni lake ilikuwa Sh12,200 na zaidi. Mshahara wake haukuwa umepanda. Akaendelea kulipa zile Sh7,700 alizozoea, akiamini kwamba mlipaji mwaminifu hawezi kufukuzwa.

Kumbe kila mwezi upungufu wa Sh4,500 hivi ulikuwa ukiongezwa juu ya deni, nao ukatozwa riba. Baada ya miaka miwili ya namna hiyo, hata bila kuhesabu faini wala ada za mawakili, deni lilikuwa limefika kama Sh636,000. Alikuwa amekopa nusu milioni, amelipa karibu Sh463,000, na anadaiwa zaidi ya alichokopa. Kukopa harusi, kulipa matanga.

Sheria zilizofuata

Kilio cha Wakenya wa miaka hiyo hakikupotea bure. Mwaka 2000 Bunge lilipitisha mswada wa Joe Donde, aliyekuwa mbunge wa Gem, wa kudhibiti riba, ingawa mabenki yaliupinga mahakamani. Tangu Mei 1, 2007, Sheria ya Benki inasema kwamba mkopo ukishaacha kulipwa, riba inayoongezwa haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwapo siku hiyo. Mwaka 2016 riba iliwekewa kikomo cha asilimia nne juu ya kiwango cha Benki Kuu, lakini kikomo hicho kiliondolewa Novemba 2019.

Sheria ya Ardhi ya 2012 nayo ilimpa mkopaji ngao. Benki haiwezi kupandisha riba ya mkopo wa rehani bila kumpa ilani ya maandishi ya siku 30. Ukishindwa kulipa, unastahili ilani ya miezi mitatu ya kurekebisha mambo, kisha nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza, mbali na ile ya siku 45 kutoka kwa dalali. Ni lazima nyumba ithaminiwe kwanza. Aidha, nyumba ya ndoa haiwezi kuwekwa rehani bila idhini ya mume au mke. Mama anayeletewa karatasi atie sahihi "haraka haraka" ana haki ya kusema kwanza azisome.

Hata hivyo, sheria haipunguzi bei. Hukupa muda na heshima tu. Hesabu ni juu yako.

Gharama zinazojificha

Mbali na riba kuna malipo mengine yanayokuja kabla ya ufunguo. Benki nyingi hutaka mnunuzi atoe sehemu ya bei kutoka mfukoni mwake, mara nyingi asilimia 10 au zaidi. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba. Nyumba ya Sh3.3 milioni itadai Sh132,000 kwa ushuru huo peke yake. Wakili hulipwa, mthamini hulipwa, benki hutoza ada ya kushughulikia mkopo, na kuna bima ya moto na bima ya maisha. Baadaye huja ada za kaunti, ulinzi, uzoaji taka na ukarabati. Bomba likipasuka hakuna landilodi wa kumpigia simu. Landilodi ni wewe.

Si ajabu basi kwamba ripoti za Benki Kuu zilionyesha mikopo ya nyumba katika mabenki yote nchini haikufika 30,000 mwishoni mwa 2022, ilhali sensa ya 2019 ilihesabu watu zaidi ya milioni 47. Wakenya wengi hujenga polepole kwa mikopo ya Sacco, chama na akiba, chumba baada ya chumba.

Jinsi ya kupunguza mzigo

Je, tuseme mogeji ni mtego na tuuepuke kabisa? La hasha. Kodi ya nyumba haina mwisho, nayo hupanda. Nyumba yako ikishalipwa, uzeeni hutabishwa hodi tarehe tano ya mwezi. Lakini kuna njia za kuinunua kwa bei nafuu zaidi.

Kwanza, fupisha muda. Katika mfano wetu wa Sh3 milioni, ukilipa kwa miaka 15 badala ya 20, malipo yatapanda kutoka Sh35,150 hadi kama Sh37,960. Kwa nyongeza isiyofika Sh3,000 kwa mwezi, jumla inashuka hadi Sh6.8 milioni. Umeokoa Sh1.6 milioni.

Pili, ongeza kidogo kila unapoweza. Haba na haba hujaza kibaba. Yule wa miaka 20 akijinyima na kuongeza Sh5,000 kila mwezi tangu mwanzo, atamaliza kwa chini ya miaka 13 na kuokoa zaidi ya Sh2.2 milioni. Sharti aielekeze benki kwa maandishi kwamba nyongeza hiyo ipunguze deni la msingi. Aulize pia kama mkataba unatoza adhabu kwa anayelipa mapema.

Tatu, tafuta riba ya chini. Kampuni ya KMRC, iliyopewa leseni na Benki Kuu mwaka 2020, huzipa benki na Sacco fedha za kukopesha wanunuzi wa nyumba kwa riba isiyofika asilimia 10. Mkopo wetu wa miaka 20, kwa asilimia 9, ungelipwa kwa kama Sh27,000 kwa mwezi, jumla Sh6.5 milioni. Tofauti ya pointi nne za riba ni karibu Sh2 milioni.

Nne, dai nafuu yako ya kodi ya mapato. Tangu mwishoni mwa 2024, mwenye mogeji ya nyumba anayoishi anaweza kuondoa riba ya hadi Sh360,000 kwa mwaka katika mapato yanayotozwa kodi.

Tano, jipime kabla benki haijakupima. Kama leo unalipa kodi ya Sh12,000 na mogeji itakuwa Sh35,000, weka zile Sh23,000 za tofauti benki kila mwezi kwa mwaka mzima. Ukiweza bila kukopa kwa muuza duka, una uwezo. Ukishindwa, umegundua mapema, na akiba uliyoweka ni yako. Kisha jiulize: riba ikipanda pointi nne, malipo yawe Sh44,000, tutakula nini?

Swali la kuuliza

Siku utakapoketi mbele ya afisa wa mikopo, usiridhike na kuambiwa "utaweza kulipa kwa mwezi". Mwombe akuandikie jedwali la malipo yote, tangu mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, likionyesha riba na deni la msingi kila mmoja peke yake. Muulize riba inaweza kubadilika lini na kwa kipimo gani. Kisha tazama tarakimu ya mwisho kabisa chini ya jedwali. Hiyo ndiyo bei ya nyumba yako. Nendeni nayo nyumbani, mume na mke, mkalale juu yake siku kadhaa. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Yule jirani yetu alistaafu na kurudi kwao. Kabla ya kuondoka alimpa binti yake ule mkebe wa biskuti. Binti huyo alikuja kununua nyumba kwa mkopo, na siku ya kwanza kwenda benki aliubeba mkobani. Afisa alipomaliza kumsifia vyumba, kigae na maegesho, yeye aliuliza kitu kimoja tu:

"Nikimaliza, nitakuwa nimelipa ngapi?"