Cheni, Breki na Buibui

Pikipiki nyingi za bodaboda katika miji yetu ya pwani hulazwa uani, na aghalabu mama wa nyumba ndiye azionaye kabla hazijatoka alfajiri. Kwa hivyo maneno haya nawaelekezea kina mama, ijapokuwa spana imo mikononi mwa waume na wana.

Hewa ya bahari ina chumvi, na chumvi hula chuma. Cheni isiyotunzwa hushika kutu upesi. Mchanga ukiongezeka, pingili huchakaa na meno ya gia huchongoka. Wako madereva wanaoipaka oili chafu iliyotolewa kwenye injini. Ni rahisi, lakini uchafu uliomo ndio usagao. Cheni isafishwe kwanza, kisha itiwe oili safi, khasa baada ya mvua. Katika pikipiki nyingi za kazi, cheni ikisukumwa kwa kidole hucheza kiasi cha sentimita 2 hadi 3. Ikilegea mno huweza kuchomoka, ikazuia gurudumu la nyuma ghafla.

Na hapa ndipo buibui linapoingia. Kifuniko cha cheni kikianza kupiga kelele, wengine hukifungua wakakitupa, kana kwamba kiliwekwa kwa pambo. Ncha ya buibui ikinaswa kwenye cheni au spoki, humvuta mvaaji kwa nguvu za injini. Ukinaswa mtandio, huweza kumkaba. Dada yangu, kabla hujapanda, inama utazame kama kifuniko kipo, kisha kusanya pindo zako uzikalie. Kumwambia dereva, "Mwanangu, hii sipandi," si utovu wa adabu.

Breki zinazokwaruza chuma kwa chuma, na tairi lililo kipara msimu wa masika, hazihitaji maelezo marefu. Dua ya kupanda chombo twaisoma, alhamdulillahi, lakini haikuja kumwondolea mja wajibu wa kukaza nati.

Limebaki jambo zito. Baadhi yenu, kupitia vyama vyenu, mmenunua pikipiki mkawapa vijana waziendeshe, nanyi mwapokea hesabu kila jioni. Kijana akisema breki zimekwisha, akajibiwa alete hesabu kwanza, basi huyo aliyejibu hawezi kujitoa katika dhima ya litakalomfika kijana au abiria wake. Hesabu ya siku hiyo ipunguzwe, iende kwa fundi. Naye kijana arudi na breki kuukuu mkononi, azioneshe.